Mwikali wa Chaani, mpika gome asiyetia sukari

Saa kumi na mbili asubuhi, ndege ya kwanza inapita juu ya mabati ya Chaani, Changamwe, na Mwikali Elkana hata hainui kichwa. Amepiga magoti chini ya mgunga mwembamba nyuma ya nyumba anayopanga. Kisu kimelala juu ya leso. Kidole gumba chake kinapapasa kovu kwenye shina.

Kovu hilo ni la ukubwa wa kiganja. Februari lilikuwa kidonda kibichi, alipokata gome hapo kwa mara ya kwanza na kupaka samadi ya ng'ombe. Sasa ni Septemba 1996, na Mwikali anataka kujua jambo moja tu: mti umepona, au haukupona?

"Umefunga," anasema polepole, kama asiyejiamini. Anapapasa tena. Kisha anapiga ukelele. "Bi Barke! Umefunga!"

"Alhamdulillahi!" inajibu sauti kutoka dirishani. "Basi nyamaza, watu wasije na majamvi wakidhani pana msiba."

Mwikali anacheka mpaka anakaa chini. Ana miaka hamsini na miwili, na kwa miaka minane amekuwa akiusubiri ukelele huu.

Hapa Chaani wanamwita Mama Gome. Kila asubuhi huketi kwenye kona ya barabara ya kuelekea viwandani akiwa na birika mbili kubwa na vikombe vya bati, akiuza kinywaji chekundu kinachopikwa kwa gome la mgunga, mti ambao kwao Kibwezi huitwa musemei. Kikombe ni shilingi tatu. Siku njema humaliza vikombe sabini kabla ya saa nne, na hapo kodi ya chumba na mboga za nyumbani zinapatikana bila kukimbizana na mtu.

Sukari haitii hata chembe.

"Mathe, si uweke sukari kidogo?" anamwomba kijana mgeni aliyeshuka kutoka bara juzi.

"Sukari iko."

"Wapi?"

"Dukani."

Waliomzoea wanaangua kicheko. Gershom, mpakiaji mizigo mwenye mabega mapana, anasema naye alicheza mchezo huo huo siku yake ya kwanza, miaka minne iliyopita. "Nilikunywa nikakunja uso, nikaapa sirudi. Kesho yake miguu ikanileta yenyewe. Hii kitu inakaza ulimi, lakini ikishuka kifuani unajua umekunywa."

Mwandishi huyu naye alikunywa. Ukakasi wake ni wa ndizi mbichi, halafu tangawizi inafuata nyuma ikiomba radhi. Kikombe cha pili kilikuwa rahisi zaidi, na cha tatu alikiomba mwenyewe.

Upishi wake hauna siri, ila unataka subira. Gome hukaushwa kivulini, hutwangwa kinuni vipande vipande, si unga, kisha hulowekwa usiku kucha. Asubuhi huchemshwa kwa moto mdogo wa makaa. Povu la kwanza hutupwa. Rangi ikifika ya tofali, tangawizi huingia, chungu huepuliwa, na kinywaji huchujwa kwa kitambaa safi.

"Ukiukoleza moto, umeharibu," anasema Mwikali. "Gome halitaki papara. Mimi papara yangu nimeilipia."

Papara hiyo ndiyo kisa chenyewe, lakini kwanza kuna habari ya mumewe.

Elkana alikuwa kuli bandarini na mtu wa vijiko sita vya sukari katika kikombe kimoja. Mwaka 1984 alianza kukonda na kunywa maji kama ngamia, akapimwa, daktari akamwambia ana ugonjwa wa sukari. Akapewa dawa, na kijiko kikapigwa marufuku.

"Nilinuna mwezi mzima," Elkana anakiri, akicheka. "Watoto wanakunywa chai tamu, mimi naletewa strungi kavu, chai ya rangi bila sukari. Nilijiona mfungwa nyumbani kwangu. Nikawa naficha sukari kwenye karatasi ya sigara, mfukoni mwa koti."

Mwikali aliiona karatasi hiyo siku ya kufua. Hakugomba. Alichukua kopo la sukari la nyumba nzima, akalimwaga kwa jirani, akalisuuza. "Nikasema, kama ni kifungo, tufungwe wote. Nikakumbuka mamangu hakuwa na sukari nyumbani, na hatukuwahi kuona tumepungukiwa. Tulikunywa musemei."

Akaenda Kibwezi kwa mama yake, Kalunde, akarudi na gome la mgunga uliosimama kando ya zizi la familia. Elkana akanywa, akauliza kama kimebaki.

Watu humuuliza kama ni dawa ya sukari. Kuna mfanyabiashara aliyetaka kukitia kwenye chupa na kuandika hivyo hivyo. Mwikali alimfukuza. "Mume wangu anakwenda kliniki na anameza vidonge vyake. Hiki ni kinywaji. Kazi yake ni kumfanya asahau kijiko, basi."

Aliyekipa kinywaji hicho uraia wa Mombasa ni Bi Barke, mwenye nyumba wake, mwanamke wa miaka sabini na ushei mwenye ulimi mkali na moyo mwepesi. Mwikali alimpelekea bakuli, kwa heshima ya jirani. Bi Barke akaonja, akaliweka chini.

"Nilimwambia, Ewe Mwikali, mimi nimekukosea nini hata wanipa maji ya kulowekea ngozi?" anasimulia. "Wallahi nilidhani ni ubahili. Mgeni kumpa kitu kisicho sukari, kwetu ni matusi."

Lakini alipomwona mpangaji wake amesimama mlangoni, macho chini, akajirudi. Akaingia ndani, akatoka na sahani ya tende. Akatafuna moja, akaonja tena.

"Kumbe! Hii ni kahawa iliyopotea njia. Na kahawa chungu haitiwi sukari, na hapana amwitaye mwenye nyumba bahili. Chungu mdomoni, tamu mkononi."

Tangu siku hiyo sahani ya tende haikosi kwenye meza ya Mwikali. Atakaye hutoa kokwa, akatafuna, akateremshia kwa kinywaji. Elkana pekee haruhusiwi. "Mimi tende naila kwa macho," anasema.

Wateja wakaongezeka, na hapo ndipo papara ilipoingia.

Kwao, gome lina sheria. Hukatwa kipande cha kiganja kimoja, upande wa mawio, kidonda kikapakwa samadi, na mti huo haurudiwi mpaka kovu lifunge. Mwikali aliijua sheria hiyo kabla ya kujua kusuka kiondo. Lakini mwaka 1988 alifika Kibwezi mchana, kaka yake Kioko yuko shambani, mama yuko sokoni, na basi la kurudi Mombasa linapita jioni.

"Nilikuwa na gunia tupu na wateja wananingoja," anasema. Sauti inashuka. "Nikakata kiganja, nikaona hakitoshi. Nikakata kingine kando yake. Nikaendelea. Nilipoinua macho nilikuwa nimeuzunguka mti mzima. Nikajiambia utapona. Nikawahi basi."

Haukupona. Mti uliovuliwa gome kuuzunguka hauna njia ya kuteremsha chakula mizizini. Ndani ya miezi mitatu majani yalikwisha, na Kioko akaandika barua ya mistari miwili: Mgunga wa mama umekauka. Njoo uone kazi yako.

Alikwenda na leso mbili na paketi za sukari za kuombea msamaha. Mama hakuzigusa.

"Mwaitu, yaani mama, aliniambia: Mti huu haukukunyima kitu, nawe umeuvua nguo zote. Usiniletee maneno. Niletee mbegu ya mti uliokatwa kwa mkono wako ukapona."

Mwikali aliokota maganda ya mwisho ya mbegu chini ya mti mkavu, akarudi nayo Mombasa. Aliona haya hata kumwambia Elkana. Baadaye akamwendea Bi Barke kuomba kipande cha ardhi nyuma ya nyumba. Bi Barke alimsikiliza mpaka mwisho, kisha akasema, "Panda. Mama akikununia, huna pa kulala."

Akapanda mbegu kumi, akamwagilia mwezi mzima. Hapakuota hata moja. Bi Barke akawa hampi raha: "Leo tena wamwagilia mchanga?"

Kosa lilikuwa la mtu aliyekulia kando ya zizi. Kwao migunga hujiotea, na hakuwahi kujiuliza kwa nini huota palepale walipolala mbuzi. Mbegu yake ni ngumu kama kokoto. Mbuzi hula ganda, huicheua usiku, nyingine huipitisha tumboni, na ikitoka hapo ndipo hulainika ikakubali udongo. Mwikali akampa maganda yaliyobaki mbuzi wa Bi Barke, na kila asubuhi akaingia bandani na kijiti, akichokoa.

"Nilidhani mpangaji wangu amerukwa na akili," anasema Bi Barke. "Mwanamke mzima ahesabu mavi ya mbuzi!"

Miche mitatu iliota. Mmoja ulikanyagwa, mmoja ukaliwa na yule yule mbuzi. Wa tatu ndio huu.

Kwa miaka yote hiyo Mwikali amekuwa akinunua gome kwa akina mama wanaolileta kutoka bara, na wanajua tabia yake. Vipande vya kiganja ananunua. Gome refu lililozunguka shina anarudisha, hata kama siku hiyo birika zitalala tupu. "Likija hivyo, najua kuna mti umekufa nyuma yake," anasema.

Asubuhi hii anakata kiganja cha pili, mbali na kovu. Anapaka samadi, anaupapasa mti kama mtoto aliyechanjwa.

Kisha anaingia ndani na kutoka na kopo la zamani la sukari. Analifungua. Ndani mna mbegu thelathini na mbili, zimeoshwa na kukaushwa, zote za mgunga huu na zote zimepitia kwa mbuzi wa Bi Barke, ambaye aliponea Idd iliyopita kwa sababu alikuwa kazini.

Mvua za Novemba zikianza, Mwikali atapanda basi la Kibwezi.

"Watu hutoka Mombasa na halua," Elkana anatania. "Mke wangu anatoka na kilichotoka kwa mbuzi."

"Na wewe utanibebea," anajibu mkewe.

Mama Kalunde amepita miaka themanini. Kioko ameandika kwamba macho yake hayaoni tena, ila kila gari likisimama barabarani huuliza ni nani aliyeshuka. Barua hiyo ndiyo inayomharakisha Mwikali, ingawa harakisha ni neno asilopenda kulitumia siku hizi.

Anafunga kopo. Kipande cha gome alichokikata leo anakifunga kwenye pindo la leso.

"Hiki sikipiki," anasema. "Nitamwekea mkononi akipapase. Vidole vyake vinajua. Akihisi ni kiganja kimoja, hataniuliza neno. Atauliza tu shimo lichimbwe wapi."