Mbuzi wa Majabalini na Binti wa Bosi

Gari la bosi wa baba lilinukia udi na maganda ya machungwa, na mimi niliyetoka Ghulail, mtaa wa Jeddah ambako nguo zetu zote zilishika harufu ya mafuta ya mandazi ya mama, niliketi kiti cha nyuma nikiogopa hata kuegemea. Ilikuwa likizo ya majira ya baridi. Baba alikuwa dereva Riyadh, katika nyumba moja ya mtaa wa Malaz. Mimi na mama tulikaa Jeddah, na yeye tulimpata kwa simu na kwa siku chache za Idi. Mwaka ule bosi, ambaye ndiye aliyekuwa kafili wake, mdhamini wa kibali chake cha kazi, alimruhusu anichukue likizo nzima. Njia yote ndani ya basi nilijiona nimeketi naye, mimi na yeye tu, nikimsimulia kila kitu. Sikujua kwamba huko kulikuwa na Reem.

Reem alikuwa binti wa bosi, rika langu. Ndiye aliyekaa kiti cha mbele, karibu na baba, huku bibi yake akisinzia pembeni yangu. Shuleni walikuwa wamepewa kazi ya kueleza maisha ya mbuzi-mwitu wa milimani, ambao Waarabu huwaita waal, na kila Ijumaa baba alimpeleka yeye na bibi yake kwenye majabali nje ya mji kuwatafuta. "Baba Omari, simama hapa!" Reem alisema ghafla, kwa Kiswahili safi cha kwetu Mombasa. Baba akacheka, akasimama. Nilihisi kama mtu aliyemkuta mgeni amevaa kanga ya mamake. Nani alimfundisha maneno yetu, na lini, kama si katika jioni zile ambazo baba alituambia kwenye simu kwamba amechoka na anataka kulala?

Tulishuka kwenye bonde la kokoto na migunga, hewa baridi ikikwaruza koo. Baba alinyoosha mkono kuelekea kwenye ukuta wa mawe uliopanda hadi mbinguni. Alieleza kwamba zamani wanyama hao walienea milima mingi ya nchi ile, lakini walivyozidi kuwindwa wakabaki palipo na miamba mikali, pasipofikika kwa gari. Majike na watoto wao hawapendi kwenda mbali na magenge, kwa sababu huko ndiko hukimbilia wakiona hatari. Jua likipoa hushuka bondeni kula majani na kutafuta maji. Alieleza vizuri, kwa upole ambao sikuwahi kuusikia, na yote kwa Kiarabu, ili Reem aelewe kila neno. Kisha akamshikia darubini machoni, akamnong'oneza kwa Kiswahili, "Unaona, mama?"

Mama. Hilo ndilo jina aliloniita mimi kwenye simu.

Niliondoka. Nilipanda jabali kwa mikono na magoti, nikitaka tu kuwa juu kuliko wao, mpaka mawe yakaanza kuporomoka chini ya viatu vyangu na nikakosa njia ya kurudi. Nilipoinua uso nilimwona jike wa waal, rangi yake na ya jabali ni moja, amesimama kwenye ukingo mwembamba kama kiganja. Kati ya miguu yake alikuwepo mtoto akinyonya. Alinitazama, hakukimbia.

"Salma! Usisogee, nakuja!"

Baba alifika akihema, kanzu imechanika. Yule jike akaruka na mtoto wake, wakatoweka.

"Kwa nini unamwita mama?" nilimuuliza. "Mama ni mimi."

"Yule nimekabidhiwa, Salma. Likimpata lolote, halas, yamekwisha, sina kazi, na nyinyi hamli."

"Na mimi?"

"Wewe ni wangu."

"Basi nataka na mimi ukabidhiwe."

Hakucheka. Chini Reem aliita, na baba akageuza kichwa upesi, kabla hajafikiri. Kisha akanibeba mgongoni, tukashuka. Nilimkaba shingo kwa nguvu kuliko hofu yangu ilivyohitaji.

"Salma amewaona," alimwambia Reem. "Muulize yeye."

Reem alinijia mbio, macho yanang'aa. "Wako wapi? Wangapi? Wana watoto?"

"Mafi," nilimjibu. "Hakuna kitu."

Sasa baba ni mzee na anaishi kwangu Mombasa. Hatuna tena simu ya kugombania wala Ijumaa ya mtu mwingine, ninaye kutwa. Ukimuuliza kuhusu wale mbuzi atakueleza mpaka chakula kipoe, na ukimuuliza Reem alipenda nini atakuambia: maembe mabichi, hadithi za majini, na dirisha wazi hata kukiwa na baridi. Nami husikiliza kwa wivu uleule, mwanamke mzima mwenye mvi. Asubuhi ya leo nilipokuwa nikimimina chai aliniuliza kama natia sukari. Nikamwambia kijiko kimoja. Akarudia polepole, midomo tu ikicheza, kama mtu anayejifunza somo gumu: kijiko kimoja, Salma kijiko kimoja.