Fimbo Kumi na Nne Langoni

Siku yangu ya kwanza lindoni Doha ilikuwa Ijumaa asubuhi, kwenye lango la uwanja wa shule moja. Nilikabidhiwa redio, filimbi na kitabu cha matukio, yaani daftari ambamo mlinzi huandika kila kinachoingia na kutoka. Mara yakafika magari matano ya Waayalandi. Walishuka na fimbo za mti, kila moja pana kichwani kama mwiko wa ugali.

Walisema ni za mchezo wa kwao wa kupiga mpira. Sikuamini. Nilizichukua zote kumi na nne, nikamwandikisha kila mwenye fimbo jina na sahihi. Juu ya ukurasa niliandika: SILAHA.

Msimamizi wa zamu, Mganda mwenye sauti nzito, alikuja mbio.

"We Mkenya, umewanyang'anya wateja?"

"Afande, kwetu mtu akishika rungu haendi kucheza."

"Warudishie! Na ufunge mdomo."

Waliocheka zaidi ni Waayalandi wenyewe. Nesi mmoja kati yao, Sista Nuala, ndiye aliyezileta fimbo zile kutoka klabu ya kijijini kwao.

"Kijiji chetu ni kidogo," aliniambia, "hata padri alikuwa golikipa. Watu hawakutosha."

Miaka ilipita, klabu yao ya Doha ikakua, wakaamua kuandika historia yake. Mwenyekiti wakati huo alikuwa mhandisi mmoja. Alisimama langoni akiwa na miwani ya jua.

"Vile vitabu vyenu vya zamani, bado vipo?"

"Kwa nini, bwana?"

"Basi tu. Mambo ya historia."

Anayetafuta historia huuliza kilichoandikwa. Huyu aliuliza kama kitabu kipo. Mchana niliingia stoo nikaufungua ukurasa wangu wa kwanza. Jina la juu lilikuwa la Sista Nuala. La mhandisi halikuwemo. Nililikuta kurasa nyingi mbele, kwenye tarehe ya miezi mingi baadaye, katika orodha ya wageni.

Wiki hiyo Sista Nuala alinieleza kwamba mkataba wake unaisha, na kwamba kwenye rasimu ya kitabu cha klabu mwanzilishi ni mhandisi. Yeye hakutajwa popote.

Nilimwambia msimamizi nataka kuwaonyesha ukurasa ule. Akatikisa kichwa.

"Mzee, umebakiza miaka miwili ustaafu. Mlinzi hamsahihishi mteja. Unataka ukamalizie maghalani Industrial Area?"

Ijumaa iliyofuata walipofika wote, nilimpa mhandisi kitabu asaini kama kawaida. Kilikuwa kile cha zamani, kimefunguliwa ukurasa wa kwanza. Wenzake walichungulia begani kwake.

"Wewe uko wapi hapa?" mmoja akauliza.

Mhandisi alirudisha kalamu mfukoni. Sista Nuala aliliweka dole gumba kwenye sahihi yake, akaangalia pembeni.

Jumapili nilihamishiwa ghala la saruji Industrial Area. Nilimalizia huko, miaka miwili ya vumbi.

Kitabu chao cha historia kilinifikia nyumbani baada ya kustaafu. Ukurasa wa mbele una picha ya mwandiko wangu, na lile neno SILAHA halikufutwa. Kabla ya kufurahi niliyahesabu majina. Yalikuwa kumi na manne yale yale, hakuna lililoongezwa.