Siku Nilipoishtaki Shule Yangu

Nakumbuka asubuhi moja ya baridi kali, mwanangu, nikiwa kidato cha pili katika shule ya bweni upande wa Timau. Nilikuwa nimechelewa darasani, na adhabu yangu ikawa kuwakatia ng'ombe wa shule majani ya nepia kwa mashine. Kanuni zilikataza mwanafunzi kuigusa mashine ile. Isitoshe, kifuniko cha visu kilikuwa kimeng'olewa tangu muhula uliopita na hakuna aliyejali. Nilipositasita, mwalimu wa zamu akaniambia, "Kata, ama ufunge sanduku uende kwenu."

Nikakata. Mashine ikanichukulia vidole viwili vya mkono wa kushoto.

Jana uliniuliza kama mwanafunzi anaweza kuishtaki shule alipwe fidia kwa kanuni zilizovunjwa. Sikukujibu haraka. Jibu langu ni refu kidogo, na nimelibeba mkononi.

Mwalimu mkuu alikuja kwetu Kianjai na sukari na maombi. Alipoondoka, baba akasema, "Mnyonge hana haki. Yule ni mzee wa kanisa. Tumwachie Mungu." Nami nikadakia kwamba nimeshasamehe.

Nyanya, mama yake baba, akaweka kikombe chini.

"Samehe, mjukuu wangu, ni vizuri. Lakini ile mashine bado iko wazi. Kesho atasimamishwa pale mtoto wa nani?" Kisha akamgeukia baba. "Na wewe, kwani ni kanisa lililong'oa kifuniko?"

Juma lililofuata tulikuwa kwa wakili pale Makutano, mjini Meru. Kwa kuwa nilikuwa bado mtoto kisheria, baba ndiye aliyefungua kesi kwa niaba yangu. Wakili, mama asiyependa maneno mengi, alituonya mapema: "Kanuni kuvunjwa peke yake hakutoshi. Lazima mahakama ione kwamba huko kuvunjwa ndiko kulikomuumiza huyu mtoto."

Nilirudi shuleni na bandeji yangu. Walimu wengine waliacha kunisalimu. Rafiki yangu Makena, aliyekuwa akinipa nepia pale mashineni, aliambiwa kwamba akitoa ushahidi atajuta. Alitoa.

Zamu yangu ya kutoa ushahidi mahakamani ilipofika, wakili wa shule aliniuliza kwa upole, upole ule wa kumtega mtu.

"Hukuviona visu?"

"Niliviona."

"Basi mbona ukaweka mkono?"

Nikamtazama usoni, mwanangu. "Kwa sababu mwalimu alinipa nichague kati ya visu na masomo yangu."

Kesi ilijikokota hata nikamaliza kidato cha nne. Mwishowe hakimu akasema shule ina wajibu wa kuwalinda watoto iliowapokea, na kwamba mtoto aliyetishwa hawezi kuambiwa alikubali kuumia. Nikapewa fidia. Vidole havikurudi, na siku za baridi mkono bado huniuma. Mwenye kovu usidhani kapoa. Lakini kifuniko kilirudishwa, na shule ikaajiri mtu mzima wa kukata nyasi. Nilipopata habari hiyo ndipo nilipolia.

Basi sikia, mwanangu. Ndiyo, mwanafunzi anaweza kuishtaki shule. Lakini usikimbilie mahakamani kwa kuwa umekasirika. Jiulize kwanza: ni kanuni gani iliyovunjwa, na imekuumiza vipi? Kama jeraha lipo, nenda hospitalini likaandikwe, watafute waliokuwapo, na mwone wakili upesi, maana sheria ina muda wake na haimngojei anayesitasita. Usiichukie shule, mimi yangu ndiyo iliyonifunza kusoma. Ila usikubali heshima igeuzwe kitambaa cha kukuziba mdomo. Usipoziba ufa utajenga ukuta, na mara nyingi ukuta wenye ufa huangukia watoto wa wengine.

Mungu wa Mlima Kenya akupe moyo usiotikisika na ulimi usiosema uongo. Akujalie Makena wako siku utakayomhitaji, na siku mwenzako atakapohitaji shahidi, akukute umesimama.