Maana Niliyoiandika Pembeni

Katika kazi ya ulinzi, kuna kosa kubwa kuliko kulala lindoni, nalo ni kuandika usichokisikia. Kitabu cha matukio, ambacho sote tulikiita OB, kurasa zake zina namba na hazichanwi. Ukikosea, unapiga mstari mmoja, unaweka sahihi, na kosa linabaki likisomeka. Neno la mtu huandikwa kama lilivyomtoka mdomoni. Mimi nilikuwa hodari wa OB, na nalisema hilo bila kujisifu, kwa sababu uhodari huo ndio uliomwondoa mtu nchini.

Ilikuwa katikati ya miaka ya 2010. Nilikuwa mlinzi wa mapokezi kwenye mnara mmoja wa ofisi Jumeirah Lakes Towers, Dubai. Mkuu wa matengenezo ya jengo alikuwa Mwingereza, mzee wa miaka sitini na kitu, mzaliwa wa mashariki ya London. Alikuja kuchukua funguo mezani kwangu kila asubuhi, na kila asubuhi aliniachia neno moja la kwao.

Alinieleza kwamba watu wa mitaa yao walijitungia usemi ili anayesimama karibu asielewe. Ngazi wanaziita "apples and pears", kwa kuwa "pears" ina kina kimoja na "stairs", neno lao la ngazi. Kisha wanaitupa ile "pears" na kubaki na "apples", na mgeni anadhani wanazungumzia matunda. Nilielewa upesi. Utotoni Singida tulisema kinyume, maji tukayaita jima ili bibi asijue tunapanga nini, na mashairi ya redioni yalikuwa yamenifundisha vina ni kitu gani. Mzee alifurahi kupata mwanafunzi. Akaniongezea na matusi ya wazi: "bollocks" ni makende, ila wao humaanisha upuuzi, "tosser" ni mpiga punyeto, ila humwita hivyo mtu yeyote wa hovyo. Nikiyasikia nilifunika uso kwa mkono, halafu nikayaandika kwenye daftari langu.

"Haya ya wazi usiyaseme hapa," aliniambia siku moja, na hakuwa anatania. "Nchi hii tusi ni kesi ya polisi. Mimi nikikasirika nasema kwa mafumbo."

Alikuwa amekaa Dubai miaka mingi. Nyumba ya Uingereza alishaiuza, mkewe alikuwa naye hapahapa, na hakuwa na mpango wa kurudi. Niliyajua yote hayo.

Mwezi wa Agosti mitambo ya kupoza hewa iliharibika. Mzee alipanda paani alfajiri, akashuka saa saba mchana, uso mwekundu na shati limeganda mgongoni. Mpangaji mmoja, bosi wa kampuni ya ghorofa za juu, alimkuta mezani kwangu. Alimwita mvivu mbele ya wafanyakazi wake, akamwita mwizi wa ada za jengo, akanigeukia: "Madam, andika kwamba huyu hafai." Mzee alimsikiliza mpaka mwisho. Kisha akasema kwa sauti ya chini, kwa adabu kabisa, "Stick it up your Khyber, sir," akaenda zake.

Hakuna aliyeelewa isipokuwa mimi, na mimi nikatabasamu. Ningekuwa mjinga siku hiyo, ingepita kama siku nyingine.

"Kasema nini?" bosi aliuliza.

"Sijui, sir."

"Unajua. Umecheka."

Alipoondoka nilifungua OB. Kuandika yale maneno ilikuwa wajibu wangu, sijilaumu kwa hilo. Lakini wiki hiyo supavaiza wetu, Mkenya wa Meru, alikuwa amesema anatafuta kiongozi wa zamu mwenye Kiingereza cha kutosha. Kimbelembele kikanishika. Nilipiga mstari pembeni mwa ukurasa nikaandika maana: kwamba Khyber Pass ni jina la njia ya milimani, kwamba "pass" kwa matamshi yao ina kina kimoja na neno lao la matako, na kwamba mpangaji ameambiwa maneno yake akayatie huko. Onyo la mzee kuhusu polisi lilinijia nikiandika. Nililipuuza, nikaweka sahihi.

Siku ya tatu bosi alirudi na askari polisi. Alikuwa kijana mpole. Aliketi chumba cha walinzi, akakataa chai, akaomba OB. Nilikiona kidole chake kikishuka ukurasani, kikafika pembeni, kikatulia.

Supavaiza aliniinamia. "Dada, hiyo maana uliiandika ya nini? Si ungeacha tu?" Halafu, polepole zaidi: "Na usijaribu kuikana. Ukisema uliandika uongo kwa OB, khalas, ni cancel ya visa. Mimi siwezi kukusaidia."

Mzee aliitwa. Alisimama mlangoni na funguo zake, akaniangalia, akakiangalia kitabu, akaelewa.

Sikuweza kuvumilia. Nilimwambia askari kwamba Kiingereza changu ni kidogo, labda nilikosea maana.

"Uliandika usichokijua?" aliuliza.

Supavaiza aliangalia sakafu. Kwetu kulikuwa na watu watano waliokula kwa kazi ile.

Askari alimgeukia mzee. "Sir, hii ni lugha yenu. Maana aliyoiandika ni kweli au si kweli?"

Kila mtu chumbani alijua jibu lingefanya nini. Akisema si kweli, angerudi paani kwake, nami ningepandishwa ndege kabla wiki haijaisha. Kwa mara ya kwanza maishani nilimwomba Mungu mtu aseme uongo, na papo hapo nilimwomba asiuseme. Sijui ni ombi gani lilikuwa na nguvu zaidi. Najua, lakini sipendi kulijua.

Mzee alivaa miwani, akausoma mwandiko wangu taratibu kama mwalimu anayesahihisha daftari.

"Ni kweli," alisema. "Hajakosea hata neno."

Alimkabidhi supavaiza funguo moja moja, akimtajia kila moja ni ya mlango gani. Askari akasimama, akampisha atangulie.

Kesi ilikwisha kwa kufukuzwa nchini, yeye na mkewe. Hakupitia pale mezani kuniaga, wala mimi sikwenda kumtafuta. Mwezi uliofuata supavaiza aliniambia nimepewa uongozi wa zamu, wakubwa wameupenda uandishi wangu. Niliona aibu mpaka masikio yakawaka. Nikaupokea.