Kofia ya Virgil Tackett

Baraza la Kaunti ya Sorrel, likiwa limeketi katika ukumbi wa mahakama, limetamka ifuatavyo: kwa kuwa Bwana Virgil Tackett ameimba nyimbo za kantri kwenye televisheni ya hapa kila alfajiri tangu kituo kifunguliwe, na kwa kuwa sauti yake imeingia katika kila nyumba, mabondeni na milimani, ikawafariji wagonjwa na kuwaamsha wavivu, sasa basi, Ijumaa hii itaitwa Siku ya Virgil Tackett, na sauti hiyo itatambuliwa kuwa hazina ya kaunti.

Virgil alisomewa hayo akiwa wima, kofia mkononi, akijitahidi asikutane macho na mkewe, Oma, aliyekuwa amejiziba mdomo kwa leso. Virgil mwenyewe aliwahi kuilinganisha sauti hiyo na lango la zizi lililonyimwa mafuta, na hakuna jirani aliyembishia.

Hata televisheni hakuipata kwa kipaji. Kampuni ya Unga wa Njiwa, iliyokuwa ikidhamini kipindi, ilitaka mtu mrefu asiyezibwa na gunia la unga lililosimamishwa mbele ya kamera. Binamu yake aliimba vizuri mara tatu zaidi, ila alipojaribiwa kilionekana kipara peke yake. Virgil akatoka mgodini kwenye makaa ya mawe, akaingia kwenye umaarufu, na kwa miezi kadhaa watu walikuwa wakimsimamisha barabarani kumuuliza bei ya unga.

Kipindi kilikuja baada ya matangazo ya bei za ng'ombe na kilikuwa na utaratibu wake. Virgil alisalimu, akaimba mbili tatu, akasifu unga, kisha akavua kofia na kuimba wimbo wa dini. Kofia haikuwa na mjadala. Mama yake alimlea akijua kwamba anayemtaja Mungu akiwa amefunika kichwa hana tofauti na mbuzi aliyeingia kanisani.

Alipopita arobaini alitunga wimbo wake wa kwanza na wa mwisho. Ulimhusu baba yake, aliyechimba makaa mpaka mapafu yakageuka makaa. Virgil aliutaka usikike japo mara moja nje ya milima ile, na kwa kumbembeleza sana akampata Bwana Lyle, mtu wa studio moja ya Nashville, aliyekubali kulala katika nyumba ya wageni ya Bi Zelpha Combs ili amtazame kwenye televisheni asubuhi. Akiridhika, wangerekodi. Asiporidhika, Virgil alijua, hakuna mwingine ambaye angepanda milima ile kumfuata mwimbaji wa unga.

Asubuhi hiyo aliuweka wimbo wa baba yake kabla ya ule wa dini, na akauimba bila kuuharakisha, beti zote. Alipofika ubeti wa mwisho aliona, nyuma ya kioo, mkuu wa kituo, Bwana Hargis, akinyanyua simu, kisha nyingine, kisha akiziacha zilie. Kumbe utukufu ndivyo ulivyo, Virgil aliwaza; unaanza na simu.

Hargis alimngoja mlangoni.

"Kaunti nzima imepiga, Virgil."

"Wameupenda?"

"Wanauliza kwa nini hukuvua kofia."

Akaeleza, kwa upole wa daktari mwenye habari mbaya. Kila alfajiri wanawake wa Sorrel waliingiza mikate yao midogo katika oveni Virgil aliposalimu, na wakaitoa alipovua kofia. Ikitoka hivyo, ilikuwa na rangi ya asali. Sauti ya televisheni waliizima, kwa sababu saa hiyo hiyo redio ilikuwa ikisoma matangazo ya vifo, na hakuna mtu wa Sorrel ambaye angekubali kupitwa na aliyekufa kwa ajili ya Virgil Tackett.

Virgil alikimbilia kwa Bi Zelpha. Madirisha yote yalikuwa wazi, na mtu wa Nashville alikuwa barazani akipepea moshi kwa kitambaa cha meza.

"Wewe mtoto," Bi Zelpha alisema, "ningekuwa mama yako ningefufuka leo nikuchape. Kofia kichwani mpaka mikate inakuwa makaa! Si ulitoka mgodini wewe, au umetuletea mgodi nyumbani?"

Virgil akamgeukia Bwana Lyle, akamuuliza kama aliusikia wimbo.

"Nilikuona ukiimba," yule bwana alisema kwa adabu. "Mdomo ulikuwa unakwenda vizuri sana."

Akala mayai matupu, akashukuru, akaondoka.

Nyumbani Virgil alimkuta Oma akikwangua chini ya sinia kwa kisu. Alikaa, akaiweka kofia mezani kama mshtakiwa mwenzake.

"Na wewe huwa unazima sauti?"

"Mimi nilikuwa nasikiliza, mume wangu," alisema bila kugeuka. "Unafikiri kwa nini mikate yetu ndiyo iliyoungua kuliko ya wote?"

Tangu hapo hakuwahi kuichelewesha kofia. Alifika mahali akawatania watu kuwa yeye ndiye saa pekee nchini iliyolipwa mshahara, na kwamba alikuwa akienda sawa kuliko ile ya mahakama.

Ijumaa ya Siku ya Virgil Tackett alirudia wimbo wa baba yake, beti zote, na safari hii alivua kofia katikati yake, kwa wakati uleule wa kila siku. Oma, aliyealikwa studio kwa heshima ya siku hiyo, aliusikia mpaka mwisho.

Baada ya kipindi fundi aligundua kwamba waya wa kipaza sauti ulikuwa umechomoka tangu kabla ya salamu. Simu hazikuwa zimelia.