Moyo wa Kulia wa Mama Faudhia

Mwanasha wa Makote, ambaye wote wanamwita Mama Faudhia, alikuwa mwanamke asiyeugua. Hivyo ndivyo alivyosema mwenyewe, tena kwa sauti, huku akikohoa. Kwa miaka thelathini alichoma korosho nyuma ya nyumba yake juu ya bati lenye matundu. Anayeijua kazi hiyo anaujua moshi wake. Maganda yakishika moto yanatoa mafuta, na mafuta yanatoa moshi mweusi unaochoma macho na koo, hata mbuzi wanahama. Mama Faudhia hakuhama. Alisema anayechoma korosho kwa mbali anaziunguza.

Mwaka juzi miguu ikaanza kuvimba. Viatu vilipombana akamlaumu fundi. Aliposhindwa kufika nyumbani kutoka bombani bila kusimama mara tatu, akailaumu njia. Lakini siku moja alikatika pumzi akiwa katikati ya kumgombeza jirani yake, Somoe, akakaa chini. Hapo mumewe, Mahmudu, akaogopa kweli.

"Huyu mtu hajawahi kuacha ugomvi nusu," alimwambia Somoe. "Kesho tunakwenda hospitali."

Zahanati ikawaandikia waende Masasi, kwenye hospitali yenye mashine ya kupiga picha ya moyo. Mahmudu aliambiwa asubiri nje. Ndani alikuwemo binti mmoja mwembamba.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Daktari yuko wapi?"

"Ni mimi. Naitwa Daktari Huruma. Lala kwa ubavu wa kushoto, mkono chini ya kichwa."

Mama Faudhia akalala. Daktari akampaka kifuani kitu cha baridi kinachoteleza, akaweka juu yake kifaa kama kibuyu kidogo chenye waya. Kwenye kioo cha mashine kikatokea kitu cha kijivu kinachochezacheza. Baadaye akamgeuza chali, akakisogeza kifaa mpaka chini ya kifua.

"Sasa nusa kwa nguvu, mara moja."

"Ninuse nini?"

"Nusa tu, mama."

Mama Faudhia akanusa. Akafikiri kidogo. "Dagaa," akasema. "Kuna mtu amekaanga dagaa hapa karibu, tena kwa mafuta yaliyorudiwa."

Daktari alicheka mpaka kifaa kikamteleza, ikabidi aanze upya. Kisha akamwelekeza kwenye kioo.

"Unauona huu mshipa? Ndio unaorudisha damu kwenye moyo. Mtu akinusa, unanywea. Wako umebaki umejaa tu. Upande wa kushoto wa moyo unasukuma damu mwilini, huo ni mzima. Upande wa kulia unasukuma damu kwenye mapafu. Mapafu yako yameharibiwa na moshi, damu haipiti vizuri, kwa hiyo upande wa kulia umesukuma mpaka umetanuka na kuchoka. Ukuta wake unatakiwa ushuke milimita kumi na saba au zaidi kila unapopiga. Wako unashuka kumi na mbili."

"Kumi na mbili!" Mama Faudhia alisikitika. "Faudhia angeniletea alama hizo, asingekula siku hiyo."

Alipewa vidonge vya kupunguza maji mwilini, dawa ya kuvuta kwa mdomo, na amri moja: asiusogelee moshi tena.

Nje, Mahmudu alisimama haraka. "Wamesemaje?"

"Moyo wa kulia umechoka. Wa kushoto mzima."

 Mahmudu alikaa na maneno hayo siku mbili. Siku ya tatu, mkewe akiwa anakunywa chai uani, akamsogelea.

"Mama Faudhia. Moyo wa mtu uko kushoto. Huo ndio wangu, naujua. Sasa huu wa kulia ulikuwa unamfanyia kazi nani mpaka ukachoka?"

Mama Faudhia alicheka mpaka akakosa pumzi, Mahmudu akazidi kuingiwa na shaka. Somoe alisikia yote kupitia ua wa mabua. Kufikia adhuhuri, wanawake wa mtaa wa pili walishakuja kumwona mwenye mioyo miwili. Aliwapokea miguu ikiwa juu ya kigoda, wala hakuwasahihisha.

Vidonge alimeza. Amri ya moshi ilimshinda. Wiki ya tatu Mahmudu alimkuta ameinama tena juu ya bati, midomo imekuwa ya rangi ya zambarau iliyoiva.

"Unataka kufa?"

"Sitaki," alijibu, akashika nguzo ya jiko. "Lakini naogopa kukaa bure, Baba Faudhia. Nikikaa bure mimi ni nani?"

Mahmudu aliuzima moto. Akalibeba bati mwenyewe mpaka mwisho wa shamba, akaweka kiti mbali, upande ambao upepo unatokea. "Kaa hapo, uniamrishe. Hiyo nayo ni kazi."

Korosho za kwanza zilikuwa makaa. Za pili zilikuwa mbichi. Mama Faudhia aliamrisha msimu mzima, na uvimbe ukapungua.

Waliporudi Masasi baada ya miezi sita, Mahmudu aliomba kuingia, huku akikohoa. Alisimama mbele ya kioo akiutazama moyo wa mkewe ukifunguka na kufungika, mmoja tu, wenye pande mbili.

"Mbona mdogo hivyo?" aliuliza polepole. "Na kelele zote zile?" Kisha akageukia ukutani, akajifuta macho kwa kofia.

"Kumi na sita," alisema Daktari Huruma. "Umepanda, mama. Na wewe baba, kikohozi hicho umekipata wapi?"

Mahmudu akaeleza habari ya bati. Daktari akamkataza naye.

Sasa korosho zao wanazipeleka kwa kikundi cha akina mama Newala, wanaozipika kwa mvuke, hazitoi moshi. Mama Faudhia alizionja, akatangaza kwamba hazina ladha, akakataa kuondoka mpaka wamsikilize. Wakampa kiti karibu na dirisha na kazi ya kuchambua nzima na zilizovunjika. Wenzake wanasema anaongea mno. Naye Mahmudu, asije akakaa bure, amenunua sindano na uzi, anajifunza kufuma vikofia.