Mche wa Podo Nyumbani kwa Seremala

Baba alikuwa seremala huko Muyeye, pwani. Zaidi ya nusu ya maisha yake alipiga randa mbao za podo zilizoshushwa na malori kutoka bara, wala hakuwahi kuuona mti wenyewe ukiwa umesimama. Tulikuwa tumekubaliana kwamba nikihitimu chuo huko bara atakuja, nami nitampeleka msituni auone. Mwaka ule, katikati ya miaka ya themanini, mguu ukamvimba, akashindwa kusafiri. Basi nikambebea mche wenye urefu wa shibiri moja ndani ya kopo la samli.

"Shikamoo, Baba. Nimekuletea podo."

"Marahaba." Akainama akautazama. "Huu? Huu si mchicha?"

Mama akacheka huko jikoni. Lakini Baba hakuondoa macho haraka, nikajua anautaka uishi.

Nilikuwa nimesoma vitabu viwili kuhusu mimea ya ndani. Vyote vilisema mwanga usio mkali na maji ya kiasi. Kiasi ni nini? Nikauweka sebuleni karibu na dirisha, mbali na upepo wa baharini. Asubuhi niliumwagilia, adhuhuri nikaona sikuutosheleza, nikaongeza. Kopo sikulitoboa, maana niliogopa udongo wa kwao utavuja, kisha mche uukatae mchanga wetu. Wiki ya tatu ncha za majani zikawa na rangi ya kutu. Nikaanza kuugeuza, upande mbaya uelekee ukuta, Baba asiuone.

"Msomi," akaniambia siku moja, "mti wako umekosa nini hata ukaadhibiwa?"

Nikamwambia ukweli: nadhani nimeuua.

Alilichukua lile kopo kama alivyochukua kila ubao mpya, juu ya viganja viwili, macho ameyafumba, akilipima uzito. Kisha akanusa.

"Umelowa huu. Ubao ukiwa mzito hivi siugusi, nauacha upumue." Akaleta nyundo na msumari, akatoboa matundu matano chini. Maji meusi yakatoka, yananuka. Akachovya kidole, akaonja, akatema. "Umeupa maji ya kisima?"

"Ndiyo, Baba."

"Maji ya chumvi! Mimi mwenyewe chai yake siinywi."

Tangu hapo ulipewa maji ya mvua kutoka kwenye pipa, tena pale tu Baba alipolibeba kopo akasema limekuwa jepesi. Mbao zake hakuzianika juani kwa ghafla, na mche nao hakuutoa hivyo. Aliuweka nje chini ya upenu, kwa muda wa saa moja tu asubuhi, akaurudisha ndani. Siku chache baadaye saa mbili. Nilipotoka kuuchungulia kwa mara ya sita, akaniita: "Usiufuate hivyo, utakuonea haya."

Majani ya kutu yakadondoka. Nikahesabu kila moja, usingizi ukanipaa.

Asubuhi moja baada ya mvua akaniita uani. Kileleni palikuwa na majani mapya, ya kijani hafifu hata mwanga ukipita ndani yake, laini kama sikio la mtoto mchanga. Baba alifuta mikono yake kwenye kikoi mara mbili ndipo akayagusa. Podo niliyokua nayo nyumbani ilikuwa milango na vitanda. Sikuwa nimewahi kufikiri kwamba huanza ikiwa laini hivi.

"Huchukua muda gani hata upasuliwe mbao?" Baba akauliza.

Nilitaka kumpa jibu sahihi, nikajikwaa. "Vitabu havikubaliani. Lakini ni muda mrefu sana, Baba. Labda wajukuu wa wajukuu wangu."

Akageuka akatazama karakana yake, ambako mlango wa mteja ulikuwa mezani, umerandwa nusu. Nikaogopa kwamba nimemvunja moyo.

"Kumbe miaka yote hii," akasema taratibu, "nimekuwa nikiranda wazee."

Akaingia kazini akichechemea. Kabla ya kushika randa alipitisha kiganja juu ya ubao wa ule mlango, kutoka mwisho hadi mwisho, nami nikasimama kizingitini, sijui mikono yangu niiweke wapi.